Mwanamke Aliyefua Mvua Ikinyesha

Mnyororo wa pikipiki ulikatika tukiwa katikati ya mlima, na Jérémie, dereva wangu, akatangaza kwa upole wa mtu aliyezoea kutoa habari mbaya kwamba tungelala huko huko juu. Tulikuwa tumetoka Bihambwe asubuhi, nami nikitaka kufika Walikale. Njiani watu walikuwa wametuonya, huyu kwa Kiswahili, yule kwa Kinyarwanda, mwingine kwa Kihunde, kwamba mbele kilima kimeshuka na kuifunika barabara. Kwa hiyo mnyororo ulitukatikia bila kutupunguzia safari. Tulisukuma pikipiki mpaka kwenye kibanda cha mbao kilichokuwa kikitoa moshi na harufu ya maziwa yaliyochacha, ng'ombe wakiwa wametapakaa kwenye majani yote yaliyokizunguka.

Mlangoni alikaa bibi kizee. Kabla sijamaliza salamu aliinua fimbo yake akailaza kwenye fremu za mlango, ikawa kizuizi.

"Mama, uko mu mwezi ao hapana?"

Nimevuka mipaka mingi na kuulizwa maswali mengi, ya chanjo, ya pesa, ya mume. Hilo sikuwahi kuulizwa. Nilimwambia nina miaka hamsini na minne, na kwangu mwezi ulikoma zamani.

"Njo vile bote banasema," akajibu, kwamba ndivyo wote wasemavyo, na fimbo akaiacha pale pale.

Mwanawe, Papa Evode, mwenye kibanda, alitoka akaniomba radhi. Alikuwa mtu mnene, mpole, mwenye mabuti ya mpira. "Umusamehe mukecuru," alisema, akitumia jina la heshima wanalowaitia bibi wazee huku. "Tuko na shida ku fromaje."

Fromaje ni jibini, na vilima vya Masisi vinajulikana kwayo. Kwa Papa Evode huitengeneza kwa sufuria moja kubwa juu ya moto wa kuni, huimimina kwenye vipande vya bomba la plastiki, huigandamiza kwa mawe, kisha huipanga juu ya mbao ikomae. Mwezi wa tatu, mapande yaliyokuwa juu ya mbao yalianza kuvimba kama maandazi. Yalipokatwa yalikuwa na matundu kila upande na harufu ya zizi. Mnunuzi wa Goma aliyarudisha yote. Yaliyofuata yalikuwa mabaya nusu, mazuri nusu. Tangu siku hiyo hakuna mtu katika boma lile aliyemtazama mwenzake bila kumpima.

Sababu walikuwa nayo tayari, ilibaki kumpata mwenye kosa. Katika nyumba hii, kama katika nyumba nyingi nilizopita, mwanamke aliye mwezini hanywi maziwa, wala hashiki kopo la maziwa. Akivuka tuta la karanga, karanga zitakauka. Akinywa maziwa, ng'ombe aliyeyatoa atakamuliwa damu. Sikushangaa. Ufaransa niliwahi kufukuzwa jikoni na mama mmoja aliyekuwa akitia nyama ya nguruwe chumvi, kwa swali lile lile la bibi wa mlangoni, ila lake lilikuwa machoni tu. Nepali nimeoneshwa kibanda wanakolala wasichana siku zao, mbali na moto wa nyumbani. Dunia nzima damu hii inasingiziwa chakula kilichoharibika. Tofauti ya hapa ni kwamba Mukasine, yule bibi mama yake Evode, alikuwa amefika mbali zaidi katika kulifikiria jambo hilo: ikiwa mwanamke mwenye mwezi huharibu maziwa, basi sufuria isishikwe ila na mwanamke ambaye mwezi umemkatika kabisa. Wanaume hawakuwapo wa kuishika. Wengi walikuwa wameshuka Walikale kutafuta riziki kwenye mawe ya kasiteriti, madini ya bati.

Hivyo ndivyo Mukamurenzi alivyoipata kazi, miaka kadhaa kabla ya jibini kuvimba.

Nilimwona kwa mara ya kwanza akiwa ameinama, mikono yote miwili imezama ndani ya sufuria hadi kwenye kiwiko, akitafuta kwa vidole mahali maziwa yalipoganda. Alikuwa na umri unaokaribia arobaini, mrefu, uso mkavu usiocheka ovyo. Baba yake alitengeneza jibini maisha yake yote, naye alikulia chini ya mbao za jibini kama wengine wanavyokulia chini ya miguu ya ng'ombe. Baba alipokufa, mumewe Ngabo aliposhuka Walikale, na watoto watatu walipoanza kudai karo, alipanda kwa Papa Evode kuomba kazi. Mukasine alimuuliza swali la mlangoni. Akajibu kwamba alimzaa kitinda mimba wake kwa kupasuliwa hospitalini Mweso, na tangu siku hiyo hakuona tena mwezi. Mukasine alimtaka afunue tumbo. Kovu lilikuwapo. Akapewa sufuria, na pamoja nayo chumba kimoja nyuma ya kibanda, cha kulala yeye, na wanawe wakija likizo.

Kazi, chumba na karo, vyote vilining'inia kwenye neno lake moja. Na sasa neno hilo lilikuwa likichunguzwa.

Nilifika uchunguzi ukikaribia mwisho. Mukasine alikuwa ameamua kwamba Mukamurenzi alale chumbani kwake, kitanda kwa kitanda, tangu mwezi mmoja wa mbinguni mpaka mwingine. Nguo zake zilifuliwa mbele ya bibi. Akienda chooni alisindikizwa. Na asubuhi, kwa kuwa hakuna mwingine aliyejua kazi, alirudishwa kwenye sufuria ile ile aliyoshukiwa kuiharibu. Nilimuuliza Papa Evode kama hilo halimshangazi. Alikuna shingo.

"Sasa tutafanya nini, Mama? Ng'ombe haingoje."

Aliyemsindikiza Mukamurenzi chooni alikuwa Dusabimana, mwanamke kijana aliyeajiriwa kuosha makopo na kuteka maji. Huyu alikuwa na hasira yake, na haikuchukua muda kunifikia. Nilishuka naye kijitoni kwenda kuoga, akawa anasugua kopo kwa majani na kunitazama kwa pembe ya jicho.

"Weye banakuamini," alisema.

"Nani? Bibi? Hakuniamini hata kidogo."

"Anakuamini. Ulilala ndani. Miye, kila mwezi ikifika, minaenda kwa mama-mukwe yangu. Hapana kazi, hapana malipo. Kule na kwenyewe banasema, usishike sahani, usipite mu karanga. Minakaa ku mulango kama kuku mugonjwa. Na ule wa ndani anabakia, anakula crème ya maziwa."

"Lakini yeye mwezi ulimkatika."

Dusabimana aliinua kopo, akalitazama ndani kana kwamba jibu lilikuwa kwenye sakafu yake. "Mama, weye umetembea sana. Umeshaona mwanamuke anafua nguo mvua ikinyesha?"

Nilimwambia sijaona.

"Siye bote tunafua jua ikiwaka, juu nguo ikauke. Yeye, mvua ikianza, anashuka huku peke yake na karai. Akirudi, nguo anaanika mu nyumba, chini ya zingine. Miaka yote ni vile tu. Mvua ikinyesha, hakuna muntu huku ku mayi wa kumuona."

"Umemwambia bibi?"

"Bado. Mukamurenzi ni mwalimu yangu. Anaanza kunionyesha kukata maziwa ikiganda, kwa siri. Nikisema, nani atanionyesha?" Akacheka kidogo. "Lakini kama banataka kunisingizia miye, nitasema."

Kuanzia hapo mimi pia nikawa mpelelezi, jambo ambalo ni jepesi kuliko watu wanavyodhani: unakaa kimya na unaacha macho yafanye kazi. Niliona kwamba Mukamurenzi hakushtuka Mukasine alipozikagua nguo zake. Mtu mwenye siri ya damu, anayelazwa chini ya ulinzi siku zote hizo, angetafuta kisingizio cha kwenda kijitoni, angeogopa asubuhi. Yeye alilala usingizi mzito na kuamka akiwa na njaa. Hilo lilinichanganya. Dusabimana alikuwa na ushahidi wa miaka mingi, bibi alikuwa na ushahidi wa mwezi huu, na ushahidi wa wawili hao ulipingana.

Kisha nikaona udongo. Ukuta wa nyuma wa kibanda ulipakwa udongo mweupe, na pembeni, kimo cha kifua, palikuwa na kishimo kilichochimbwa kwa ukucha. Jioni, baada ya kuosha mikono, Mukamurenzi alipita pale bila kusimama, akabandua kipande, akakitia mdomoni. Nimeona wanawake wakinunua udongo kama huo masokoni, kutoka Kisangani hadi Lagos. Wanaoununua kwa wingi ni wa aina moja tu.

Alinikuta nikikitazama kile kishimo.

"Mama, unaangalia sana," alisema.

"Ni tabia ya safari."

"Ku safari, bantu bote banaangalia barabara. Weye unaangalia ukuta." Alisogea karibu, akashusha sauti. Alinuka chumvi na moshi. "Utasema?"

"Sina neno la kusema. Sijui kitu."

"Unajua." Alifikiri. "Mimba iko mwezi ya ine. Ngabo alikuya ku Bonne Année, mwaka ikianza, akakaa siku kidogo, akarudi Walikale. Hata yeye hajajua bado. Ku simu siwezi kusema, mukecuru analala pale pale, anasikia kama popo."

Nilimuuliza, kwa sauti ndogo kama yake, kama yale ya mwanzo yalikuwa kweli, yale ya mwezi kukatika hospitalini.

"Ulikatika kidogo, kiisha ulirudi. Ulirudi nikiwa nimeshaomba kazi." Aliangalia mikono yake iliyokuwa imenyauka kwa maji ya chumvi. "Ungefanya je? Ungeenda kwa mukecuru umuambie, samahani, imerudi?"

"Na jibini?"

"Njo kintu kinanishangaza," alisema, na kwa mara ya kwanza niliona sura yake ikilegea. "Mwanzoni niliogopa. Baba yangu na yeye aliamini. Mwezi ya kwanza nilishika maziwa hivyo hivyo. Nikangoja iharibike. Haikuharibika. Ya pili, ya tatu. Nikawaza, labda Mungu ananihurumia. Mwisho nikaacha kuwaza. Sasa sina kintu, nina mimba, njo fromaje inavimba. Utaelewa hiyo?"

Kila mmoja alikuwa na jibu lake kuhusu kuvimba kule. Papa Evode alimshuku jirani mwenye wivu. Jérémie, ambaye hakuulizwa, alishuku chumvi mpya. Mukamurenzi mwenyewe alishuku maziwa ya ng'ombe mmoja aliyenunuliwa mwanzoni mwa mwaka, mwenye kiwele kilichokuwa kigumu upande mmoja, lakini alikuwa ameshalisema hilo na kujibiwa kwamba ng'ombe yule alinunuliwa ghali. Hakuna aliyejua kwa hakika, na sikuja na hakika yoyote mfukoni.

Nilichokielewa ni mtego aliokuwamo. Akinyamaza angeshinda, kwa sababu bibi asingeona damu. Angetangazwa mkavu, angebaki na sufuria. Lakini tumbo lingeendelea kukua, na katika wiki chache lingesema lenyewe. Mimba, ambayo kwa mwanamke mwingine yeyote wa kilima kile ingeletewa uji na nyimbo, kwake ilikuwa shahidi wa mashtaka.

"Ninatafuta muda tu," alisema. "Nipate malipo ya huu mwezi, nilipe masomo, kiisha nitawaza."

Mukasine hakumpa muda huo. Asubuhi iliyofuata mwezi mpya alikuja kibandani na fimbo yake, akakaa juu ya ndoo iliyofudikizwa, akaomba kipande chake cha jibini na kiazi, kama alivyofanya kila siku. Ilikuwa jibini ya zamani, ya kabla ya shida, iliyokuwa imewekwa kwa ajili yake. Alikula nusu, akafuta midomo.

"Mwezi imepita," alisema. "Mukamurenzi nimelala naye, nimefua naye. Iko mukavu sawa kuni. Minaomba musamaha kwake, mbele yenu bote."

Mukamurenzi aliinamisha kichwa, akaendelea kukata maziwa yaliyoganda kwa kisu kirefu cha mti.

"Basi iko Dusabimana," bibi akasema. "Anakuya ku kazi siku zake zikiwa hazijaisha, anashika makopo. Evode, mutoto huyu arudi kwao. Na asirudi tena."

Dusabimana aliweka ndoo chini. "Miye?"

"Kuna mwingine?"

"Mukecuru, miye kila mwezi munaniona nikienda. Kilima yote inaniona. Batoto bananichekelea, banasema, leo karanga zitakufa. Na huyu, nani alimuona akienda?"

"Haendi, sababu hana cha kuendea."

"Basi mumuulize," alisema Dusabimana, na sauti yake haikupanda, ilishuka, "juu ya nini anafua mvua ikinyesha."

Papa Evode alicheka, akidhani ni matani. Hakuna aliyecheka pamoja naye. Nilimtazama Mukamurenzi. Ilitosha aseme kwamba anapenda kufua mvua ikinyesha. Bibi angemwamini, alikuwa ameshaomba msamaha, na wazee hawapendi kuomba msamaha mara mbili. Alikitoa kisu kwenye sufuria, akakikung'uta, akakiegemeza ukutani.

"Anasema kweli," alisema.

"Kweli gani?" Evode aliuliza.

"Sikukauka, Papa Evode. Toka nilifika hapa mpaka Bonne Année, mwezi haikuniruka hata moja."

"Na kiisha Bonne Année?"

Alifungua kitenge cha nje, akakifunga tena chini kidogo, kama mwanamke anavyojifunga asubuhi. Hakuhitaji kueleza. Tumbo lilikuwa dogo bado, lakini lilikuwapo, mviringo juu ya lile kovu lililompatia kazi.

"Ile muzuri yote mulikula," alisema, akimtazama Mukasine, "ile ya arusi ya mutoto wenu, ile ya padri, hiyo mukecuru uko nayo mu mukono, yote niliitengeneza mwezi ikikuya na ikienda. Ile ya kuvimba, niliitengeneza nikiwa na mimba, bila tone. Sasa mutafute kintu kingine. Dusabimana mumuache."

Bibi alitazama kile kipande kilichobaki mkononi mwake. Sijui alitafuta nini ndani yake. Hakukitema alichokuwa ametafuna, maana kilikuwa kimeshashuka. Alikiweka juu ya goti, polepole, kama mtu anayeweka chini kitu cha mtu mwingine.

Aliyezungumza kwanza ni Evode, na hakuzungumza habari ya ng'ombe wala ya damu. "Hiyo neno usiseme ku soko," alisema. "Bakisikia Goma, hakuna muntu atanunua tena. Ya sasa na ya zamani yote."

"Sitasema."

"Na hapa huwezi kubakia. Siyo miye, unaona. Iko mukecuru, iko bantu." Aliangalia mabuti yake. "Malipo nitakupa yote."

"Yote," Mukamurenzi akarudia, kwa namna ambayo ilimfanya aende kuyaleta pale pale.

Aliamua kwenda Mweso, kwa dada yake Euphrasie, anayeishi karibu na hospitali ile ile iliyompasua. Kwa umri wake na kovu lake hakutaka uchungu umkute juu ya mlima. Watoto wake wangebaki shuleni Bihambwe, kwa mama mdogo wa huko, mpaka muhula uishe. Jérémie, aliyekuwa amerudi na mnyororo mpya, alikubali kumpeleka. Barabara yangu ya Walikale ilikuwa bado chini ya udongo, nami sikuwa na pa kwenda.

Vitu vyake vilitosha kwenye mfuko mmoja na karai moja. Juu ya karai alifunga kipande cha bomba, kile alichokuwa akigandamizia jibini, kilichokuwa cha baba yake. Dusabimana alimsaidia kufunga kamba. Hawakuombana msamaha. Nilimsikia Mukamurenzi akisema, "Usikate ikiwa bado laini. Ngoja ishikane, iache kushika kidole," na mwingine akijibu, "Minajua," kwa hasira ya mtu anayezuia machozi.

Mukasine alikuwa amerudi mahali pake mlangoni pa kibanda, fimbo juu ya magoti. Pikipiki ilipokuwa ikiunguruma aliita.

"Mukamurenzi. Na hiyo mimba, iko ya nani?"

"Ya Ngabo, mukecuru. Alikuya ku Bonne Année."

"Njo vile bote banasema."

Mukamurenzi alicheka. Alicheka sana, kichwa nyuma, mpaka Jérémie akageuka kuangalia kama abiria wake ameshikilia vizuri. Kisha pikipiki iliteremka kwenye tope, karai ikigonga bomba, ikapotea kwenye kona ya miti ya mikaratusi. Kwa muda tuliisikia bila kuiona.

Ndani ya kibanda maziwa ya asubuhi yalikuwa yamesimama juu ya moto uliokuwa ukififia, na hakuna aliyeyakaribia. Evode alimtazama mama yake. Mama yake alimtazama Dusabimana, akainua fimbo akailaza tena mlangoni.

"Na weye leo uko namna gani?"

Dusabimana alikuwa akinawa mikono, mpaka kwenye kiwiko, kama alivyoonyeshwa. Alikausha kila kidole kwa kitambaa.

"Mukecuru, maziwa yanapoa," alisema, akainama, akapita chini ya fimbo.